Wito wa Kengele

Kazi yangu ni kupunguza suruali za watu. Naweka na zipu, nageuza na kola, lakini sehemu kubwa ya maisha yangu imeishia kwenye mapindo ya suruali, na iliyobaki imeishia masikioni, kwa sababu kibanda changu kinapakana na cha Kengele.

Kengele si jina alilopewa na wazazi wake. La wazazi liko kwenye kitambulisho na sijawahi kusikia mtu akimwita kwalo. Anauza nguo za mitumba, za watoto hasa, na kati ya meza yake na cherehani yangu kuna turubai moja ambalo halizuii kitu, si vumbi, si jua, na sauti ndiyo kabisa.

Sokoni kwetu kila muuzaji wa mitumba ana wito wake. Maneno hubadilika kulingana na furushi lililofunguliwa siku hiyo, leo sweta, kesho soksi, lakini mwendo wa sauti haubadiliki. Huo ni mali yako, na anayekuibia mwendo wako ni afadhali angekuibia meza. Wateja wetu hawana muda wa kutazama. Wana mtoto mgongoni na mifuko mikononi, macho yako chini wasije wakatumbukia mtaroni, kwa hiyo wanafuata sikio. Kuna muuzaji anayeita kama anaswaga ng'ombe, kuna anayeita kama amechoka kuishi, na yuko mmoja wa viatu ambaye anakohoa tu, na anauza vizuri kuliko wengi.

Wito wa Kengele unaanzia chini, taratibu, kama anataka kukwambia siri. "Haya chaguaaa..." Kisha maneno yanateremka matatu matatu, mbio, "chagua-chagua-chagua, ya mtoto-mtoto-mtoto," na mwishoni kabisa, pale ambapo soko zima hushusha sauti na kuitua, yeye huipandisha na kuiacha huko huko juu. "Ipooo?" Miaka yote hii nimekuwa nikingoja aishushe. Hashushi.

Na angekuwa anaifungia kazini kama watu wengine wanavyofunga vibanda, nisingesema kitu. Lakini anakwenda nayo kila mahali. Ukimjulia hali asubuhi anakujibu, "Nzuriii, nzuri-nzuri-nzuri, za kwakooo?" Siku moja tulikwenda kumpa mkono wa pole jirani yetu wa masufuria, amefiwa na mama mkwe. Njiani nilimsihi Kengele, tafadhali sana, aseme neno moja akae. Akaingia, akamshika mfiwa mkono, akasema, "Mungu awape nguvuuu, nguvu-nguvu-nguvu." Mfiwa aliinama akajifunika uso kwa kitambaa, mabega yanamtikisika. Waombolezaji wakasema maskini, ameanza upya. Mimi nilikuwa nimekaa upande wa pili na niliona meno.

Nilimvumilia zaidi baada ya kujua alikoutoa wito huo. Kengele hakuzaliwa na Kiswahili. Alikuja msichana mdogo kutoka mbali, huko wanakozungumza lugha nyingine kabisa, akafikia kwa shangazi yake aliyekuwa na meza hii. Kwa muda mrefu alikuwa wa kukunja nguo tu, maana hata "karibu" hakuijua. Ila masikio alikuwa nayo. Akawa anauimba wito wa shangazi moyoni, midomo imefumba, kisha akawa anautoa kwa sauti, maneno ya kubuni yasiyo na maana yoyote. Wateja wakaja! Wakapinduapindua sweta, wakanunua, wakaenda zao, hakuna aliyegundua kwamba yule msichana hajasema kitu. Maneno yenyewe yalimjia baadaye, moja moja, yakaingia mahali pake kama vifungo kwenye matundu.

"Na huo mwisho unaopanda, shangazi naye alikuwa na kichaa hicho?" nilimwuliza siku moja ya mvua, soko limekauka wateja.

"Huo si wa shangazi," alisema. "Huo wa mama. Jioni tukiwa tumetawanyika huko tunakocheza, alikuwa anasimama mlangoni anatuita turudi nyumbani. Kule kwetu ndivyo sauti inavyokwenda, inapanda mwishoni."

"Alikuwa anasemaje?"

Kengele akafungua mdomo, akaufunga. "Maneno nimesahau, Fundi. Lugha yote imenitoka. Nimebaki na salamu na matusi mawili."

Nikamwomba anifundishe yale matusi, akakataa, tukacheka. Lakini niliona amekunja sweta moja, akaikunjua, akaikunja tena.

Kengele ana binti mmoja, nesi. Huyu nesi mwenyewe amekulia chini ya meza ile ile, enzi hizo mimi bado nina nywele, na alikuwa akiita pamoja na mama yake tangu hajui kutembea. Alipoanza shule wenzake wakamtania. Kila akinyanyuka kujibu swali, darasa zima linaimba naye. Alirudi mchana mmoja, akakaa kwenye kigoda changu, hakusema neno mpaka jioni, na alipokuja kusema alikuwa ameshabadilika. Aliipiga pasi sauti yake mpaka ikanyooka. Leo anaongea kama msomaji wa taarifa ya habari, na wagonjwa wanampenda kwa hilo, maana hata akikwambia unachomwa sindano unasikia kama unaambiwa hali ya hewa.

Likizo ya uzazi ilipokwisha, nesi akawa amekwama. Mumewe ni dereva wa malori ya masafa marefu, leo yuko huku, kesho hajulikani aliko. Msichana wa kazi waliyempata aliaga anakwenda kununua chumvi na hajarudi hadi leo. Basi mtoto akaletwa sokoni ndani ya beseni kubwa la plastiki lililotandikwa shuka, likasukumwa chini ya meza ya bibi yake. Nilimtungia vifungo vikubwa kwenye uzi mnene, nikapiga mafundo ya kufa mtu asije akameza kimoja, na kwa kuwa hakuachana navyo, soko likamwita Kifungo.

Nimelea watoto wangu na sikuwahi kuwasikiliza. Nilikuwa nangoja waseme neno, na kabla ya neno niliona ni kelele tu kama kelele nyingine. Kwa Kifungo sikuwa na hiari, alikuwa karibu na sikio langu kutwa nzima. Kitu cha kwanza alichoshika ni ule mwisho. Jino hana, amelala chali anachezea vidole vya miguu, bibi yake akimaliza wito na kuuacha juu, na yeye anatoa kisauti chembamba kinachopanda: "Eee?" Baadaye akaupata mwanzo, ule wa chini, akawa ananguruma kama mzee anayetafuta miwani. Katikati palimsumbua, maana pana haraka. Alikuwa anagonga ukingo wa beseni kwa kiganja, tatu-tatu-tatu, anakosea, anakasirika, anaanza tena. Halafu asubuhi moja vyote vikaungana: "Daaa, ba-ba-ba, ba-ba-ba, deee?" Mama mmoja aliyekuwa anapita alisimama akauliza bei.

Kengele aliruka. "Umemsikia, Fundi? Ameongea!"

"Hajasema kitu," nikamwambia.

"Maneno atayatia baadaye. Si ndivyo nilivyoanza mimi?"

Nikabaki nimeshika mkasi. Tangu siku hiyo nikawa mwendawazimu wa masikio. Nilikuwa nasikiliza watu ng'ambo ya turubai, sura siioni, maneno siyashiki, na bado najua kwamba huyu anaomba apunguziwe, yule anamwahidi mkewe jambo asilokusudia kulifanya, na huyu wa tatu ameshakubali bei ila anaona aibu kukubali upesi. Sote tuliujua mwendo huo kabla hatujajua neno, na hakuna anayekumbuka alivyoujua.

Maneno ya Kifungo yalipokuja yalikuja kwa mkupuo, na yote yakapita njia ile ile. "Naomba majiii, maji-maji-maji, yapooo?" Akitaka kwenda haja, soko zima linataarifiwa, na kuna siku wateja wawili walisogea kuona kinachouzwa. Tulikuwa hatuna mbavu. Bibi yake alikuwa akimtazama kama mtu anayejiona kwenye kioo na kujipenda.

Kicheko kiliishia siku alipopelekwa kuandikishwa shule ya chekechea. Nesi alikuja moja kwa moja kutoka huko, akasimulia akiwa amesimama, amekataa hata kigoda. Mwalimu alimwuliza mtoto swali moja tu, anaitwa nani. Kifungo akapanda juu ya kiti, akapiga makofi mawili, akasema, "Naitwaaa," kisha akalishusha jina lake kamili mara tatu mfululizo, akamalizia, "nipooo?" Watoto wa madarasa yote wakaja madirishani.

"Mwalimu akasemaje?" nikauliza.

"Alicheka mpaka akavua miwani," alisema nesi. "Akasema hakuna tatizo, eti mtoto huchukua sauti ya pale anapokaa, akikaa na wenzake ataichukua na ya wenzake. Lakini mjomba, wewe unajua wale madirishani walivyokuwa wanamtazama. Mimi nawajua. Nilikuwa katika kiti hicho hicho."

Akamgeukia mama yake, na sauti yake ilikuwa imenyooka kuliko kawaida. "Mama, Jumamosi nampeleka kwa bibi yake mzaa baba. Nyumba imetulia, watu wanaongea taratibu. Atakaa huko na shule ataanzia huko."

"Mpaka lini?"

"Mpaka aongee kama watu."

Kengele alimsindikiza binti yake hadi mtaroni, akarudi, akakaa juu ya furushi ambalo halijafunguliwa. Kifungo alikuwa chini ya meza anamvalisha mdoli soksi. Nilidhani Kengele angekuja juu, namjua ana hasira za karibu, lakini alinong'ona tu: "Ana haki. Walimtania mpaka akawa hali. Lakini Fundi, mimi chini ya meza nitabaki na nani?"

Nikapiga cherehani. Baada ya muda akainua turubai akaingiza kichwa.

"Kama kosa ni sauti yangu, nitaiacha. Mtoto akiniona mimi nimeacha, na yeye ataacha, na hatakuwa na sababu ya kwenda. Nifundishe kuongea."

"Mimi ni fundi wa suruali."

"Si unapunguza? Nipunguze."

Basi nikawa mwalimu. Tulianza na sentensi nyepesi. "Sema: chai imepoa."

"Chai imepoaaa?"

"Usiniulize mimi. Ishushe. Iweke chini kama unavyoweka kikombe mezani."

Akachukua kikombe chenyewe. Akawa anakiteremsha polepole na sentensi yake, jasho linamtoka, uso umekunjamana, na kikombe kilipogusa meza sauti ikaruka juu kama imeungua. Tukajaribu akiwa ameikalia mikono yake. Bila mikono hakuweza kusema kabisa. Tukajaribu mimi nikanyage cherehani na yeye aongee, nikiachia kanyagio na yeye atue. Sindano ilisimama, Kengele akapita. Nilimwonyesha mwenyewe mara nyingi inavyotakiwa, mara nyingi mno, mpaka usiku mmoja mezani kwangu nilimwomba mke wangu chumvi, akaweka kijiko chini akaniuliza, "Kwani unauza nini?"

Mwisho aliona dawa ni kunyamaza. Akawa anakaa nyuma ya meza kama mtu aliyekwenda kupiga picha ya pasipoti, na mteja akikaribia anasema "Karibuni" kwa kisauti kilichobanwa kooni. Wateja wake wa siku zote walimpita pale pale alipo wakienda kumtafuta. Mmoja alirudi, akamwinamia, akauliza kwa huruma, "Mama, kuna msiba?" Na kubana sauti si mchezo kwa koo lililozoea kufunguliwa. Alianza kukwaruza, akanywa maji ya moto na tangawizi, akakwaruza zaidi. Kifungo alikuwa akimtazama mdomo, kisha anampapasa shingo, kama mtu anayekagua redio iliyozimika.

Jumamosi ikafika. Soko lilikuwa limefurika, mwisho wa mwezi, watu bega kwa bega. Kifungo alikuwa na safari yake ya kila siku: anakatiza safu za vibanda hadi kwa mama wa machungwa, anapewa chungwa lake lililokwisha kumenywa, anarudi. Amefanya hivyo tangu alipoweza kutembea bila kuanguka na hakuna aliyekuwa akimwazia. Alikwenda asubuhi hiyo kama kawaida, na punde si punde nesi akaingia, amevaa sare, ametoka zamu ya usiku, mkononi ana sanduku dogo la nguo za mtoto.

"Shikamoo mjomba. Yuko wapi?"

"Marahaba. Kafuata chungwa, anarudi sasa hivi."

Tukangoja. Nesi akatazama saa. Tukangoja tena. Nikaona nitoke mwenyewe, nikapenya hadi kwa mama wa machungwa, naye akaniambia Kifungo alishaondoka zamani, yeye mwenyewe alimwona akishika njia ya kurudi. Nilirudi mbio, natazama chini ya kila meza, na ndipo akili ikanijia. Mtoto wa kimo kile sokoni haoni kitu. Anaona magoti, vikapu na mapindo ya suruali. Siku zote alikuwa akirudi kwa sikio, anafuata wito wa bibi yake, na siku hizi zote ambazo bibi alikuwa amenyamaza soko lilikuwa jembamba, akabahatisha. Leo lilikuwa msitu wa miguu. Na ukipitiliza safu ya masufuria, unatokea barabarani kwenye malori.

Niliwaambia. Sikumaliza, Kengele alikuwa ameshasimama, amejaza kifua, amefungua mdomo. Kilichotoka ni sauti ya kitambaa kinachochanika. Akajaribu tena, hakikutoka hata hicho. Alishika shingo yake kwa mikono miwili, akanitazama, na sijawahi kuona hofu ya namna ile usoni kwa mtu. Nikapiga kelele mimi, "Kifungo! Kifungo!" lakini yangu ni sauti ya mwanamume yeyote anayepiga kelele sokoni, na wapo tele.

Nesi akatupa sanduku, akapanda juu ya meza, na viatu vyake vyeupe, katikati ya sweta. "Kifungo!" aliita. "Kifungo, uko wapi?" Iliyotoka ni taarifa ya habari. Ilifika kwa muuza kofia ikafia hapo. Aliita tena vile vile, na vile vile ikafa. Kisha akafumba macho, akavuta pumzi, na nikasikia inaanzia chini.

"Njooooo... njoo-njoo-njoo, kwa mama-mama-mama, upooo?"

Ikapanda mwishoni, ikabaki juu.

Nywele zilinisimama, hizo chache. Ulikuwa wito wenyewe, mzima, haujapungua hata uzi, kutoka kwa mwanamke ambaye hakuutoa kinywani tangu alipokuwa na sare ya shule. Na soko lilimjua. Muuza kofia akanyamaza, wa viatu akaacha kukohoa, kimya kikatambaa kutoka kibanda hadi kibanda, na ndani ya kimya hicho, kutoka mbali upande wa masufuria, kikaja kisauti:

"Nipooo, nipo-nipo-nipo, bibiii?"

Nesi akaita tena. Kikajibu, karibu zaidi. Akaita, kikajibu, wakawa wanavutana hivyo, na watu wakawa wanasogea kupisha bila kujua wanampisha nani, mpaka miguu ya mwisho ikaachana akatokea Kifungo, chungwa limebaki nusu, maji ya chungwa yamemfika kwenye viwiko. Hakuwa analia. Alikuwa amekasirika.

"Bibi, kwa nini ulinyamaza?" Kisha akainua macho akamwona aliyesimama mezani, akatabasamu kwa mshangao. "Mama, na wewe unauza?"

Soko lililipuka kwa kicheko. Nesi alishuka, au tuseme aliporomoka pamoja na sweta nusu meza, akamkumbatia mtoto na chungwa lake, na sare nyeupe ikawa si nyeupe tena. Mimi nilikuwa nalia. Nilisingizia vumbi, na sokoni kwetu vumbi lipo la kutosha.

Kengele peke yake hakuwa anamtazama mtoto. Alikuwa amekaa juu ya furushi, mkono kifuani, anamtazama binti yake.

"Ulipandisha," alisema kwa sauti yake iliyochanika. "Mwishoni pale. Ulipandisha."

"Sijui imenitoka wapi, mama."

"Mimi najua."

Akamweleza. Kwa kukwaruza hivyo hivyo, neno kwa neno, alimweleza kuhusu mlango, jioni, watoto waliotawanyika, na mama yake aliyekuwa akiwaita warudi. Nesi hakuwa amewahi kuambiwa. Miaka yote alidhani ni sauti ya biashara, ya kuuzia sweta, na ndivyo alivyoionea aibu. "Nilipokusikia," alisema Kengele, "nilitaka kusimama niende. Nilidhani ni mimi ninayeitwa."

Nesi alikaa chini kabisa, juu ya vumbi, mgongo kwenye mguu wa meza, mahali beseni lilipokuwa. Kifungo akamlisha kipande cha chungwa. Kisha nesi akaniomba sanduku, nami nikampa, akalisukuma chini ya meza ya mama yake kwa mguu.

"Mama mkwe nitamwambia tutakwenda kumsalimia Jumapili," alisema. "Kumsalimia tu."

Hayo yalipita na sasa Kifungo yuko chekechea, na mwalimu hakukosea. Muda haukuwa mrefu akaja na sauti ya darasani, ile ya kuvuta pamoja, "Ha-ba-ri ya a-su-bu-hi," na wiki hiyo Kengele hakula vizuri, aliona ndiyo basi. Lakini mchana mtoto akirudi, akishavuka mtaro tu, sauti ya shule inabaki ng'ambo kama viatu mlangoni. Kwa bibi yake wa nyumba iliyotulia anaongea kwa utulivu mpaka wanashangaa. Nami ananiita Babu Fundi kwa namna yangu mwenyewe, huku akiniiga ninavyoguna nikipoteza sindano, jambo ambalo silioni kuwa la kuchekesha.

Koo la Kengele lilipona, bahati mbaya kwangu, likarudi na nguvu za akiba. Nimerudi kulalamika kama zamani. Asubuhi anaita yeye, mchana wanaita wawili, mmoja nyuma ya mwingine kidogo, na mimi katikati napunguza suruali.

Jioni nesi hupita kuwachukua akitoka zamu. Angeweza kabisa kuja hadi mezani, si mbali. Haji. Anasimama kule kwenye masufuria, na sare yake, mbele za watu, na anaita. Inaanzia chini, inateremka matatu matatu, na mwishoni anaipandisha na kuiacha. Kengele husimamisha mikono, hata kama mteja anamlipa, anaisikiliza mpaka iishe. Kisha anafunika meza kwa turubai na kumshika mtoto mkono.

"Haya, Fundi," ananiambia. "Tunaitwa nyumbani."